Shilingi ya Mtoto

Jumamosi moja mwezi uliopita, saa kumi jioni, nilipita Igoma, hapa Mwanza, nikakuta kandambili zimetapakaa nje ya kibanda cha mabati. Nyingine zimeungwa kwa waya, nyingine ni kubwa mno kwa mguu wa mtoto yeyote, bila shaka zimechukuliwa nyumbani bila ruhusa. Ndani giza, televisheni moja, na sauti ya mtafsiri akimsemesha Mchina Kiswahili cha Kariakoo. Mlangoni kijana ameketi juu ya kreti ya soda anapokea shilingi mia mia. Nilihesabu jozi thelathini na moja, nikaacha kuhesabu kwa sababu yule kijana alianza kunitazama kama mtu wa manispaa.

Kibanda umiza, kama wenyewe wanavyokiita, banda la kuonyeshea video kwa kiingilio.

Naanza na kandambili kwa sababu wiki hiyohiyo nilikuwa nimekaa na watu wazima kwenye ukumbi wenye kiyoyozi kule Capri Point, tukijadili kwa nini nchi hii haina vitabu vya katuni vya watoto vya kuhesabika. Sababu zilitajwa: watoto siku hizi hawapendi kusoma, wazazi hawana hela, wachoraji wenye kipaji ni wachache. Tulikunywa chai, tukala sambusa, tukaagana. Hakuna aliyezitaja zile shilingi mia.

Mimi naona mtoto wa hapa ni mteja, tena mteja asiyekopa. Tunachokosa ni mchoraji anayelipwa na mtoto huyo. Wachoraji wetu wamelipwa na magazeti ya wakubwa, na chama, na wafadhili, na kila mlipaji alipata alichokilipia.

Mtu anayenifanya niseme hivyo aliishi mbali sana na ziwa hili. Tezuka Osamu, mchoraji wa katuni, alizaliwa tarehe 3 Novemba 1928 Toyonaka, jirani na Osaka, Japani, akakulia mji wa Takarazuka. Alikuwa mtoto mfupi, wa miwani, wa kuonewa shuleni, anayeshinda vichakani akikusanya wadudu. Hata jina lake la kalamu alilitengeneza kwa kuongeza herufi ya mdudu kwenye jina alilopewa, kwa kuwa yupo mbawakawa mmoja wa porini aitwaye osamushi. Baba yake alikuwa na mashine ya kuonyeshea sinema nyumbani, mama akimpeleka kwenye michezo ya jukwaani. Wakati wa vita alipelekwa kufanya kazi kiwandani, na Juni 1945 alinusurika mabomu yaliyoteketeza Osaka. Vita ilipokwisha alikuwa mwanafunzi wa udaktari mwenye rundo la michoro.

Hapa ndipo wasimulizi wengi hutamka neno kipaji na kufunga mjadala. Mimi nataka kujua alimuuzia nani.

Osaka ya mwaka 1946 ilikuwa majivu. Karatasi adimu, chakula kwa mgao. Lakini mitaani alikuwepo mtu wa baiskeli. Nyuma ya baiskeli amefunga sanduku la mbao. Anafika kwenye kona, anagonganisha vijiti viwili, watoto wanatoka mbio. Kwanza anauza pipi. Aliyenunua anakaa mbele, asiye na kitu anasimama nyuma na kuchungulia. Kisha anafungua fremu juu ya lile sanduku na kuanza kusimulia, akichomoa picha moja baada ya nyingine, sauti ya jambazi, sauti ya binti, sauti ya radi, zote ni zake. Hadithi anaikata pale shujaa anaponing'inia kwenye jabali. Kesho atarudi, na kesho pipi zitanunuliwa tena. Wajapani waliita mchezo huo kamishibai, tamthilia ya karatasi. Picha zilichorwa kwa mkono na kukodishwa kwa wasimulizi, kwa hiyo mchoraji asiyewavuta watoto alijulikana upesi: baiskeli ilirudi na pipi zilezile.

Msomaji wa Mwanza amekwisha kumwona mtu huyo. Ni muuza lambalamba wa Mabatini, anayepita na kipaza sauti chake kinachorudia wimbo uleule mpaka mtu unatamani kuhama. Baiskeli tunayo, sanduku tunalo, watoto wanakimbia vilevile. Picha tu ndizo hazimo.

Pembeni ya yule mtu wa baiskeli kulikuwa na vijitabu vya bei chee vilivyoitwa akahon, vitabu vyekundu, kutokana na rangi ya majalada yake. Karatasi mbovu, uchapaji wa kulipualipua. Viliuzwa kwenye maduka ya pipi na meza za mitaani, kando na vitu vya kuchezea. Duka la vitabu la heshima lisingevipokea. Katika soko hilo la uchochoroni, Januari 1947, Tezuka akiwa na miaka 18 alitoa Shin Takarajima, yaani Kisiwa Kipya cha Hazina, kwa hadithi iliyopangwa na mchoraji mkubwa wake, Sakai Shichima. Inasemekana zilikwenda nakala 400,000. Kitabu kinaanza na mvulana anayeendesha gari mbio kuelekea bandarini, na Tezuka alilichora gari hilo kama kamera ya sinema ingeliona: linakuja, linapita ubavuni, linatokomea. Wachoraji kadhaa wakubwa wa kizazi kilichofuata walisema baadaye kwamba kurasa hizo chache ndizo zilizowatia wazimu walipokuwa watoto.

Hapakuwa na kamati iliyomwagiza, wala mtu mzima aliyeulizwa kama gari la kukimbia lina mafunzo gani. Mtoto alitoa sarafu akachukua kitabu, na asiyeweza kununua alikodi, maana yalikuwepo maduka yaliyokodisha vitabu kwa hela ndogo, kama sisi tulivyokuja kukodi kanda za video. Kila wiki soko lilimjibu mchoraji. Alijua ukurasa gani ulichakaa kwa kushikwa.

Yaliyofuata yanajulikana, sitayarefusha. Mwaka 1950 alianza hadithi ya mwanasimba mweupe ndani ya jarida la watoto, mwaka 1952 ile ya Atomu, roboti mvulana, mwaka 1953 ya binti mfalme anayevaa upanga. Katikati ya hayo alimaliza udaktari, akapata leseni, na mwaka 1961 akapewa shahada ya uzamivu kwa utafiti wa mbegu za kiume za konokono wa majini. Konokono! Sisi tunaoishi na kichocho ufukweni hapa tungemwelewa haraka. Aliacha kutibu watu akachora kurasa zinazokadiriwa kufika 150,000.

Sasa turudi nyumbani.

Mchoraji wa kwanza wa katuni aliyeteka Watanzania wengi ni Christian Gregory, na mtu wake ni Chakubanga, aliyekuwa akitokea katika gazeti la Uhuru, gazeti la TANU. Chakubanga alichekesha kweli, lakini alikuwa mzee wa mjini anayezungumza na wazee wenzake. Baadaye likaja Sani, jarida ambalo jina lake limeunganishwa kutoka kwa Saidi Bawji na Nico ye Mbajo. Humo tukampata Lodi Lofa, Ndumilakuwili, Kipepe, Pimbi. Na humo akawepo Madenge.

Madenge ni mtoto. Mtundu, mwongo, mwenye akili ya kukwepa viboko na bahati mbaya ya kuvipata. Mimi nilimsoma kwa kinyozi wa Igogo, kwenye nakala iliyokuwa imelainika kama kitambaa, kipande cha jalada kikiwa kimechanwa kuwashia jiko. Nilikuwa na miaka tisa. Ukurasa wa Madenge ulikuwa wangu, lakini ukifunua unaofuata unakutana na Lodi Lofa na mambo yake ya wanawake, na hapo kinyozi alikuwa akinipokonya jarida kwa mkono uleule wenye mashine. Kwa kifupi, mtoto mashuhuri kuliko wote katika katuni zetu alikuwa mpangaji katika nyumba ya watu wazima. Alitegemea hela ya mtu aliyenunua Sani kwa ajili ya Pimbi.

Philip Ndunguru, aliyechora sehemu kubwa ya haiba ya Sani ya miaka hiyo, alifariki mwaka 1986 akiwa bado kijana mdogo. Huwa najiuliza angefika wapi, halafu najikumbusha kwamba hata angeishi, kodi ya nyumba yake ingelipwa na watu wazima. Godfrey Mwampembwa, yaani Gado, alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1969, akahamia Nairobi mwaka 1992, akawa mchoraji wa siasa anayeogopwa na marais. Mwaka 1996 alitoa Abunuwasi, kitabu cha katuni cha Kiswahili chenye visa vya yule mjanja wetu wa zamani, kupitia wachapishaji wa Sasa Sema wa Nairobi. Ni kazi nzuri, mtoto anaicheka na babu yake anaicheka. Mkono wa kuwachorea watoto alikuwa nao. Mshahara ulikuwa kwenye pua za wanasiasa.

Kundi la tatu la walipaji nalijua kwa ndani, kwa hiyo nitasema zaidi ya ninavyopaswa. Miaka kadhaa iliyopita niliandika maneno ya kijitabu cha katuni kwa shirika moja ambalo sitalitaja. Mada ilikuwa kunawa mikono. Shujaa wetu alikuwa msichana wa Ukerewe, na alitakiwa anawe mikono katika picha ya tatu, ya saba na ya kumi na moja. Mimi na mchoraji tuliona binti huyu amezidi kuwa malaika, tukamfanya achukue mtumbwi wa mjomba wake usiku ili amfuate rafiki yake mgonjwa kisiwa cha pili. Rasimu ilirudi na mstari mwekundu: mtoto asiibe mtumbwi. Tukautoa. Kilichobaki ni msichana anayenawa mikono.

Kijitabu kilichapwa vizuri, karatasi ya kung'aa, kikagawiwa bure. Bei hiyo ya bure ndiyo iliyoniudhi zaidi baadaye, kuliko hata mtumbwi. Kitu kinachogawiwa bure hakikupi jibu. Sikujua kama kilipendwa au kilidharauliwa. Ripoti iliandika idadi ya nakala zilizogawiwa, basi. Miezi miwili baadaye nilinunua karanga Kirumba zikiwa zimefungwa ndani ya picha ya saba. Mradi ukaisha, na binti wa Ukerewe hakuwahi kupata kitabu cha pili.

Mtu atasema mbona Ulaya nao wachoraji walilipwa na watu wazima wenye ajenda. Ni kweli. Hergé, Mbelgiji aliyemzaa Tintin tarehe 10 Januari 1929 katika nyongeza ya watoto ya gazeti moja la Kikatoliki la Brussels, aliongozwa na padri mhariri aliyetaka watoto wa Ubelgiji waipende Kongo ya mkoloni. Matokeo yake ni Tintin huko Kongo, kitabu ambacho Mwafrika akikisoma leo anakikunjia uso. Katika toleo la kwanza Tintin anawafundisha wanafunzi weusi kuhusu nchi yao, Ubelgiji. Kilipochorwa upya mwaka 1946 somo likageuzwa kuwa hesabu. Lakini watoto nao walikuwa wakinunua, na waliyemtaka ni Tintin mwenyewe, padri na makoloni yake wakasahaulika. Ununuzi huo ndio uliompa Hergé nguvu ya kuendelea hata baada ya mhariri huyo kuondoka gazetini.

Mtoto ni mteja mwenye tatizo moja: hakawii kukua. Aliye na miaka minane leo, baada ya miaka mitano anatafuta vitu vingine. Ziwa letu linajua hasara ya kuchelewa. Aniceti Kitereza wa Ukerewe alimaliza kuandika kwa Kikerewe hadithi yake ndefu ya Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka mwaka 1945. Ikachapwa kwa Kiswahili mwaka 1981, alipokuwa amekwisha kuitafsiri mwenyewe, na mwaka huohuo akafariki kabla nakala hazijamfikia. Miaka 36. Riwaya ya watu wazima inaweza kuvumilia aibu hiyo, kwa sababu watu wazima wapo siku zote. Hadithi ya mtoto ikichelewa hivyo, msomaji wake anakuwa ameshaoa.

Mali ghafi haitusumbui hata kidogo. Tezuka alichora simba wa Afrika akiwa Japani, bila kuwahi kukanyaga mbuga, na Waafrika wake wa miaka ile aliwachora kwa midomo ya kejeli iliyozoeleka katika katuni za Magharibi. Matoleo ya baadaye yalilazimika kuwekewa maelezo ya kuomba msomaji aelewe zama. Kutoka Buzuruga mpaka lango la Ndabaka, pale Serengeti inapokaribia kugusa maji ya ziwa, ni safari ya basi ya asubuhi moja. Kisiwa cha Saanane, unachokiona ukiwa umesimama mjini, kiligeuzwa bustani ya wanyama mwaka 1964, wanyama wakavushwa maji kwenda kuishi juu ya mawe. Ni nani hapa amewahi kuchora siku ile kifaru alipopandishwa chomboni?

Halafu yupo Masala Kulangwa. Alivyonisimulia bibi, zimwi Shing'weng'we lilimeza watu wote na ng'ombe wao, akasalia mama mmoja mjamzito aliyejificha kwenye makapi. Akamzaa Masala Kulangwa. Mtoto alipopata akili akauliza, wenzetu wako wapi? Akaenda kulitafuta zimwi, akaliua, akalipasua tumbo, watu wakatoka. Sehemu niliyoipenda ni ya mwisho: kisu kilimkata sikio bibi kizee mmoja mle tumboni, na bibi huyo, badala ya kushukuru, akaja juu akitaka sikio lake. Kila mtoto wa Kisukuma aliyesimuliwa kisa hicho anacheka hapohapo. Ni mwisho ambao kamati yoyote ingeufuta.

Kuhusu walimu na wazazi, sitaki kuwasema sana. Mwalimu wangu alinichapa kwa Sani, na kwa kuwa Lodi Lofa alikuwemo, sina kesi ya kukata rufaa. Japani nako mwaka 1955 kulizuka kampeni ya kupinga vitabu vibaya, vyama vya wazazi vikalalamika, na kuna mahali ambako katuni zilichomwa moto uani. Tezuka alikuwa miongoni mwa waliolaumiwa. Aliendelea kuchora kwa sababu waliolalamika hawakuwa wateja wake.

Alipokosea ni alipowaacha wateja hao. Tarehe 1 Januari 1963 Atomu alianza kuonekana kwenye televisheni kila wiki, na Tezuka aliwauzia wenye kituo kwa bei ya chini kuliko gharama, akitumaini kufidia kwa mauzo ya nje na bidhaa zenye sura ya roboti wake. Kampuni yake ya katuni za televisheni ilifilisika mwaka 1973. Kilichomwinua mwaka huohuo ni karatasi: Black Jack, daktari bingwa asiye na leseni, katika jarida la wiki la wavulana. Aliugua saratani ya tumbo na kufariki tarehe 9 Februari 1989, akiwa na miaka 60. Inasimuliwa kwamba hata kitandani hospitalini alikuwa akiomba aachwe afanye kazi.

Nina rafiki mchoraji. Ndiye tuliyenyimwa naye ule mtumbwi. Anaishi kwa kuandika majina ya mitumbwi, kuchora vichwa vya watu kwenye kuta za saluni na chupa kwenye kuta za baa. Baada ya kikao cha Capri Point nilimpelekea hesabu ya kandambili, naye mwezi huu alijaribu. Alichora Masala Kulangwa kurasa nane, karatasi mbili za A4 zilizokunjwa. Kutoa kopi pande nne kwa shilingi hamsini hamsini ni mia mbili. Bei aliweka mia tatu. Mwenye duka la pipi jirani na kibanda umiza alichukua hamsini, yeye akabakiwa na hamsini. Alitoa nakala arobaini, zikaisha kabla ya Jumapili jioni. Faida: shilingi elfu mbili. Nilimwambia ni faida, akanitazama.

Alikuwa ameikata hadithi pale kisu kinapogusa ngozi ya tumbo.

Jumamosi iliyofuata nilikuwa naye pale dukani tukinywa soda. Akaja mtoto wa kike, ndala moja ya bluu na moja ya kijani, ameshika mia tatu mkononi. Akaagiza sehemu ya pili. Mwenye duka akanyoosha kidole kwa rafiki yangu.

"Shikamoo anko. Yule bibi anatoka lini?"

Rafiki yangu akaitikia, akamwambia wiki ijayo. Mtoto akaondoka na mia tatu yake, akaiingiza kibandani. Sehemu ya pili ilikuwa haijachorwa hata picha moja. Siku nne zote alikuwa Nyegezi, kwenye ukuta wa baa, kwa elfu themanini na chakula cha mchana.